Firigisi Ndani ya Sambusa

Kwetu magharibi, mgeni asiyechinjiwa kuku hajafika, amepita tu. Anaweza kunywa chai mpaka tumbo lilie, akala ugali na nyama ya ng'ombe, akalala siku tatu na kurudi kwao na mkungu wa ndizi, na bado atasimulia njiani kwamba watu wale hawakumpokea. Na kuku mwenyewe haliwi ovyo. Firigisi, ule mfuko mgumu ambao kuku husagia punje na changarawe, ni ya mwanamume mwenye neno katika nyumba. Mwanamke haili, mtoto haigusi. Nimeona wanaume wazima, wenye tai na vyeo kanisani, wakinuniana mwaka mzima kwa ajili ya kitu ambacho ukikitazama bila heshima ni tumbo la ndege.

Mimi nilizaliwa na upungufu wa hiyo heshima. Mama alikuwa akisema niliisahau hospitali siku niliyozaliwa, na hakuna aliyerudi kuichukua.

Tuliishi Kaloleni, Nairobi, katika nyumba ya kanjo, yaani ya baraza la jiji, ya vyumba viwili, karibu na ule ukumbi wa jamii. Baba alikuwa mwendesha mashine katika kiwanda cha mablanketi huko Industrial Area. Miaka mingi ya kelele ilimzoesha kunyamaza, maana huko hata ukisema hakuna anayekusikia, na tabia hiyo alikuja nayo nyumbani jioni pamoja na vumbi la pamba kwenye nyusi. Mama aliuza sambusa nje ya ukumbi. Kufunga sambusa alifundishwa na mama mmoja wa Pumwani, Mswahili wa kweli, aliyemwambia kwamba manda, ile chapati nyembamba ya kufungia, ikitoboka ni afadhali uile mwenyewe gizani kuliko kumpa mtu. Mimi nilijifunza nikiwa bado nachungulia meza: unasukuma madonge mawili membamba, unapaka mafuta na kunyunyiza unga katikati, unayabandika, unayapitisha kwenye kikaango yasiive sana, kisha unayabandua yangali moto huku vidole vikikulaani. Nilipofika miaka ishirini na kitu nilikuwa nafunga pembe tatu huku nikigombana na mtu dirishani, na hakuna hata moja iliyovuja.

Katika miaka hiyo, katikati ya tisini, nilimpata kijana wa Huruma. Alikuwa karani katika ofisi ya mizigo, Mkamba, mrefu, mwenye suruali mbili alizozipiga pasi kwa zamu. Nilimpenda kwa sababu ndogo ndogo. Alijicheka kabla hujamcheka. Alikuja kununua sambusa moja na kuila polepole mpaka mama akamuuliza kama anaihesabu punje. Baada ya muda alisema nyumbani kwao wanataka kuja kubisha hodi, na hapo ndipo matatizo yalipovaa viatu.

Kwao nako mkono mtupu haulambwi. Baba yake, mchonga vinyago aliyekuwa amechonga twiga wengi wa kuwauzia watalii na hajawahi kumwona twiga aliye hai, alituma neno kwamba Mkamba haendi kuulizia msichana bila mbuzi. Wale mbuzi wenyewe wa desturi wangekuja baadaye, nyumbani kwetu magharibi, kwa utaratibu wake. Lakini hata hodi ya kwanza lazima inuke mbuzi. Kwa kuwa wao waliishi Huruma, na Kiamaiko wanakochinjia mbuzi ni hapo tu, hawakuona ugumu wowote.

Ugumu ulikuwa kwetu, na jina lake lilikuwa Baba Mkubwa.

Baba Mkubwa ni kaka yake baba. Aliishi nyumbani magharibi, na kila palipokuwa na neno la kusemwa katika ukoo alipanda basi la usiku akaja kulisema. Alikuja na jogoo katika mfuko wa katani, kichwa nje, jogoo akiangalia Nairobi kwa macho ya mtu aliyedanganywa. Akifika aliketi kwenye kiti cha baba, kile chenye mto, na baba akahamia kwenye stuli. Jogoo alichinjwa, na firigisi ikaenda kwa Baba Mkubwa. Krismasi sisi tulienda nyumbani, na huko pia firigisi ilikuwa yake. Kuku wengine katika nyumba yetu hawakuwepo, kwa sababu tulikula maharagwe. Kwa hiyo baba yangu, mwanamume mwenye mke na watoto, alifika uzeeni akiwa amepitisha sahani ya firigisi mara nyingi kuliko mhudumu wa hoteli na hajawahi kuwekewa mbele yake. Nilimwonea huruma, na huruma ile ilinikasirisha.

Safari hii Baba Mkubwa alifika Ijumaa asubuhi, na kabla chai haijapoa alikuwa ameshaniozesha na kuniachanisha. Alisema Wakamba ni watu wazuri lakini wanakula mahindi yaliyovuliwa nguo, maana yake muthokoi, mahindi yaliyokobolewa maganda. Alisema kwao hata paka ana mganga wake. Alisema atawasikiliza, kwa heshima, halafu atawaambia warudi baada ya mavuno, na baada ya mavuno watu husahau. Baba aliangalia kikombe chake. Baba Mkubwa akamgusa bega na kuniambia, kwa sauti ya upole kabisa, kwamba mdogo wake ni mtu mwema ila hana neno, na nyumba hii imekuwa ikisema kupitia yeye tangu zamani.

Nilijua alichomaanisha. Kesho yake, wageni wakishaketi, neno moja la yule mzee lingenirudisha kwenye beseni la unga, na yule kijana angeondoka na suruali zake mbili akatafute kwingine.

Saa za mchana yule kijana alipita mlangoni, akiwa amevaa ile suruali ya kijivu, na paja la mbuzi limefungwa kwenye gazeti.

"Sasa," akasema. "Mzee ako?"

"Ako. Na mkubwa wake amekuja."

"Amekuja na nini?"

"Jogoo na maneno."

Alinipa lile paja akasema mama yake ametuma salamu, na ameuliza kama huyu mbuzi atapikwa peke yake au atafichwa chini ya kuku. Nikajua hata kwao vita vimeanza. Baba yake naye alikuwa amemwambia kwamba watu wa magharibi hula ugali kama wanaojenga ukuta, na kwamba mbuzi wake asipoonekana mezani atajiona hakubisha hodi.

Aliyetatua jambo hili ni mama. Alilitazama lile paja, akamtazama jogoo aliyefungwa mguu kwenye meza, akaguna. Akasema tukipika kuku kwenye bakuli lake na mbuzi kwenye bakuli lake, kila upande utaangalia bakuli lipi limeisha kwanza, na kabla ya chai tutakuwa na washindi na walioshindwa. Akanituma kwa jirani yetu, mpishi wa hoteli fulani mjini, nikaazime mashine yake ya kusagia nyama. Tutasaga vyote pamoja, akasema, tuvifunge ndani ya manda, na anayetaka kujua kala nini amuulize Mungu. Baba aliposikia alitingisha kichwa na nikaona kona ya mdomo wake ikicheza. Baba Mkubwa hakuambiwa. Yeye alisema jambo moja tu, kwamba firigisi ikaangwe vizuri iletwe kwake mbele ya wageni, ili waone nyumba hii ina mwenyewe.

Jumamosi asubuhi baba alimchukua kaka yake wakaenda ukumbini kutazama wazee wakicheza drafti kwa vifuniko vya soda. Sisi tukabaki na kazi. Jogoo yule alikuwa mkongwe, amekimbia maisha yake yote, na nyama yake ilikuwa ngumu kama mkanda. Tulimchemsha kidogo, tukamtoa mifupa. Mbuzi alikuwa laini ila na mafuta mengi. Mmoja peke yake angekuwa mkavu na mwenzake angekuwa na shombo, lakini nilipoonja ule mchanganyiko ukiwa kwenye sufuria na kitunguu saumu, tangawizi, dania na pilipili ya kuwasha, nilikaa kimya, jambo ambalo mama alilitaja kwa mshangao. Mafuta ya mbuzi yalikuwa yamemsamehe kuku ukavu wake. Nilijisikia nimefanya kitu ambacho wazee wangebishana juu yake miaka kumi.

Lakini nimeruka jambo. Firigisi ilikuwa imewekwa kando na mama katika kibakuli, imefunikwa kisahani. Nilikuwa nimeifunga ile mashine kwenye ukingo wa meza, nazungusha mkono, nalisha nyama kwa mkono mwingine, na kila nikizungusha nilisikia sauti ikisema mdogo wangu hana neno, mdogo wangu hana neno. Nyama ilipoisha nikafunua kisahani. Ilikuwa pale, imeoshwa, inang'aa, imejikunja kwa majivuno. Mkono wangu ulikuwa bado unazunguka, na sikuona sababu ya kuusimamisha. Ilikwaruza kidogo, kisha ikapita.

Mama alirudi kutoka bombani, akaona kibakuli.

"Iko wapi?"

"Imeingia."

Aliangalia mashine, akaangalia sufuria, akaketi polepole juu ya mtungi wa maji. Nilingoja matusi, na mama yangu alikuwa nayo ya lugha tatu. Alifunika kile kibakuli kitupu kwa kisahani chake, kwa uangalifu, kama mtu anayefunika kilicho ndani. Kisha akasema tufunge sambusa kabla manda haijakauka.

Wageni walifika alasiri, wameng'ara. Mchonga vinyago alikuwa mtu mfupi mwenye mikono iliyojaa makovu ya patasi, na mkewe alikuwa amejifunga leso mpya iliyokuwa bado ina mikunjo ya dukani. Kijana wao aliketi karibu na mlango, kama anayekusudia kukimbia. Baba Mkubwa alikuwa kwenye kiti chenye mto. Baba kwenye stuli. Tukasali, sala ndefu ya Baba Mkubwa iliyogusa hata mvua, kisha nikaleta sinia.

Nilikuwa nimekaanga mpaka zikawa rangi ya ukuta wa kanisa la matofali, na mvuke ulitoka kila mtu alipomega. Mama mkwe mtarajiwa alitafuna, akafumba macho, akasema hapa kuna mbuzi. Baba Mkubwa akasema hapa kuna kuku. Wakatazamana, wote wana haki, na wote wawili wakanyoosha mkono kuchukua nyingine ili kuthibitisha. Walithibitisha kwa muda mrefu. Baba Mkubwa alithibitisha kuliko wote. Mchonga vinyago aliisifu ile pembe ya sambusa, akaigeuza geuza, akasema aliyeikunja ana jicho, nami nikaona aibu tamu na nikajifanya naongeza chai.

Kisha Baba Mkubwa akajipangusa vidole, akaegemea, akasema kwa sauti ya baraza kwamba penye wazee haliharibiki neno, na kwamba kabla ya neno atapenda aletewe kile kilicho chake.

Mama hakusogea. Mimi hakuna mahali ningeweza kusogea.

Akarudia. Akawaeleza wageni, kwa fahari, kwamba kwetu kuku ana kitu kidogo kinachosema nani ni nani, na anayekula kile ndiye anayefungua mdomo kwa niaba ya nyumba. Bila hicho yeye hawezi kusema ndiyo wala hapana, na mazungumzo itabidi yangoje siku nyingine. Pengine baada ya mavuno. Niliona yule kijana akishusha macho kwenye viatu vyake. Mama akainuka, akaleta kibakuli, akakiweka mezani. Baba Mkubwa akafunua kisahani.

Nimewahi kuona watu wakitazama kaburi kwa utulivu kuliko alivyotazama kile kibakuli. Aliuliza iko wapi. Aliuliza kama jogoo alizaliwa bila. Akamgeukia mchonga vinyago akamuuliza kama yeye amepewa, na yule mzee, ambaye kwao mbuzi ana viungo vyenye wenyewe na alijua uzito wa jambo, akaapa hajaona kitu. Baba Mkubwa akanitazama mimi. Nilifungua mdomo. Sijui ningesema nini, lakini najua lisingekuwa jambo la adabu.

"Nimeila mimi," baba akasema.

Alikuwa kwenye stuli yake, nusu ya sambusa mkononi, na sauti yake ilikuwa ile ile ya kuomba chumvi.

Baba Mkubwa alicheka kidogo. Akasema haiwezekani, wamekuwa pamoja tangu asubuhi, ameila saa ngapi.

"Sasa hivi. Mbele yako."

Akaitafuna ile nusu iliyobaki, taratibu, akameza. Hapo ndipo Baba Mkubwa alipoitazama sinia, kisha mashine ya jirani ambayo mimi mjinga nilikuwa sijaifungua kutoka kwenye meza, kisha sambusa iliyokuwa katika mkono wake mwenyewe. Nikaona akielewa. Akamtazama mama, aliyekuwa amekula. Akanitazama mimi, niliyekuwa nimeonja sufuria nzima. Mama wa kijana alikuwa ameacha kutafuna, shavu moja limejaa, akauliza kwa adabu kama ateme. Mumewe akamwambia aendelee, maana hata akitema ameshakuwa mzee wa ukoo.

Kijana alicheka. Alijaribu kujizuia, akashindwa, na kicheko chake kikamvuta mama, na mama akicheka hakuna anayebaki. Baba peke yake hakucheka. Alisimama. Katika nyumba ile sikuwa nimewahi kumwona baba akisimama wakati kaka yake amekaa.

"Kaka," akasema, "wewe ni mkubwa wangu, na nyumbani kwako utakula firigisi mpaka uzikwe. Hapa ni kwangu. Huyu ni msichana wangu. Wazee hawa wametembea, tusiwarudishe kwa sababu ya kuku." Kisha akawageukia wageni. "Tumeisikia hodi yenu. Karibuni."

Basi, ndivyo nilivyoolewa. Mengine yote, mbuzi na ng'ombe na kanisa na shela ya kuazima, yalikuwa kufuata utaratibu. Baba alizungumza na mchonga vinyago mpaka jua likageuka, maneno mengi kuliko niliyomsikia akisema mwaka mzima, mengine kuhusu mbao. Baba Mkubwa alinyamaza, hali ambayo haikuwa na historia katika ukoo wetu. Baadaye alinyoosha mkono akachukua sambusa nyingine. Alisema, bila kumtazama mtu, kwamba kama iko humo ndani basi yeye pia ana sehemu yake, na akaendelea kuitafuta moja baada ya moja.

Hakutusamehe. Tangu siku ile jogoo waliokuja Nairobi walikuja wakiwa wameshachinjwa na kukaushwa moshini, ndani yao patupu, na firigisi ilikuwa imeshapata njia nyingine. Nyumbani alisimulia kwamba huko Kaloleni watu wamepotea, wanasaga mila kwa mashine ya kuazima. Hakudanganya, na sijutii.

Wageni walipoondoka bado kulikuwa na mwanga. Mama aliwasindikiza, na Baba Mkubwa alikuwa amejilaza chumbani na tumbo lake. Nilikuwa nje naosha sinia. Baba alikuja akasimama karibu nami na sambusa ya mwisho, imeshapoa, mafuta yameganda kwenye pembe.

"Uliitia kwenye ipi?" akauliza.

"Zote, baba. Niliisaga."

Alifikiri. Aliimega katikati, akainua nusu moja kwenye mwanga, akachungulia ndani kwa muda, kama mtu anayemtafuta ndugu yake katika umati. Mimi nilisimama na povu mikononi. Nilitaka kumwambia kwamba tangu asubuhi ile nilipozungusha ule mkono nilikuwa nafikiria yeye tu, kwamba nilimpenda na nilikasirika kwa niaba yake kwa sababu yeye hakukasirika. Maneno hayo sikuyasema, na alikuwa mtu wa kutohitaji.

"Kumbe ndiyo hii," akasema. "Sioni tofauti."

Kisha akanipa ile nusu nyingine. "Kula. Hata wewe ni wa nyumba hii."

Nikapangusa mikono kwenye sketi, nikala. Ilikuwa baridi, na nilikuwa nimezidisha pilipili.